Malaya, Kahaba na Jirani Zake: Historia ya Lawama katika Msamiati wa Kiswahili

1.0 Utangulizi

Maneno ya matusi yamepewa nafasi ndogo katika uchunguzi wa Kiswahili. Kamusi huyaorodhesha kwa haraka, wahariri huyapunguza makali, na walimu huyaruka darasani kwa kuona haya. Hali hiyo inaeleweka, lakini ina hasara yake. Neno la tusi ni hati ya kihistoria kama ilivyo barua ya zamani au kumbukumbu ya mahakama. Ndani yake jamii huhifadhi hukumu ilizozitoa na kusahau ni lini ilizitoa na kwa nini.

Mhadhara huu unahusu neno malaya, pamoja na maneno yanayopakana nalo: kahaba, suria, mtembezi, mhuni, changudoa na mengineyo. Swali la msingi ni hili: neno hili linapomwangukia mwanamke, linalaumu nini hasa? Jibu la haraka ni kwamba linalaumu tendo, yaani kutoa mwili kwa malipo. Historia ya matumizi yake inaonesha vingine. Mara nyingi neno hili limemlenga mwanamke asiyekuwa chini ya baba, mume wala bwana, awe ametenda tendo hilo au hakulitenda.

2.0 Ushahidi wa Sarufi

Yafaa kuanza na lugha yenyewe. Kiswahili, kama lugha nyingine za Kibantu, hakitofautishi jinsia katika ngeli zake. Upatanisho wa malaya huyu na kahaba yule hauoneshi kama anayesemwa ni mwanamume au mwanamke. Hata hivyo, katika matumizi, mzungumzaji anayetaka kumlenga mwanamume hulazimika kuongeza maneno: malaya wa kiume. Anayemlenga mwanamke haongezi chochote. Hivyo basi, ubaguzi huu hautokani na sarufi ya Kiswahili. Umo katika mazoea ya watumiaji wake, na mazoea yana historia.

Jambo la pili linahusu unyambuaji. Kiswahili kina kitenzi zini, kutoka Kiarabu, na kutokana nacho hupatikana mzinifu, mzinzi, uzinzi na uzinifu, sambamba na nomino zinaa. Maneno hayo yamejengwa juu ya tendo, nalo tendo lina wakati wake: alizini, amezini, asizini tena. Aliyetenda aweza kutubu na kuliacha tendo nyuma yake. Malaya na kahaba hayana kitenzi kilichozoeleka. Kilichopo ni nomino ya mtu na nomino dhahania, umalaya na ukahaba, ambayo yenyewe imetokana na mtu. Tena mtu huyo hutajwa kwa kitenzi kishirikishi kipungufu ni, ambacho hakibebi njeo: fulani ni malaya. Sentensi hiyo haisemi alifanya nini, lini, wala na nani. Inataja hali, nayo hali haina mlango wa kutokea.

Jambo la tatu ni kutokuwepo kwa jina la upande wa pili. Biashara yoyote ina muuzaji na mnunuzi. Kiswahili kimemlimbikizia muuzaji majina mengi, ilhali mnunuzi hakuwa na jina mahususi lenye uzito unaolingana. Yapo maneno ya kumsema mwanamume mwenye tamaa, mathalani mkware, linalokumbusha ndege kware, lakini mara nyingi husemwa kwa kicheko. Mkware hutaniwa barazani. Malaya hufukuzwa nyumbani.

3.0 Kahaba: Safari ya Neno na Mabadiliko ya Hadhi

Kahaba ni neno la Kiarabu, qahba. Wanaleksikografia wa kale wa Kiarabu walilijadili. Al-Jawhari, katika kamusi yake As-Sihah, aliliona kuwa neno la baadaye, lisilokuwa la Kiarabu cha asili. Ibn Manzur, aliyefariki mwaka 1311, katika Lisan al-Arab alikusanya maelezo yanayolihusisha na kukohoa: inasemekana kwamba zama za kabla ya Uislamu mwanamke wa namna hiyo aliwaashiria wanaume kwa kikohozi. Katika maelezo hayohayo imetajwa kwamba watu wa Yemen walilitumia kwa maana ya mwanamke mzee. Iwapo maelezo ya kikohozi ni kweli au ni hadithi ya kueleza neno baada ya neno kuwepo, fundisho ni moja: tangu awali lilihusu namna mwanamke alivyojitangaza, na lilikaa karibu na maneno ya kumdharau mwanamke aliyezeeka.

Lililo muhimu zaidi kwa Kiswahili ni mabadiliko ya hadhi. Katika lahaja nyingi za Kiarabu cha leo, qahba ni tusi zito lisilotamkwa mbele ya watu wa heshima. Lilipovuka bahari lilipungua ukali. Tafsiri ya Biblia ya Union Version, iliyotolewa mwaka 1952, hulitumia kwa Rahabu wa Yeriko, na magazeti huliandika bila kusita. Malaya ndilo lililobaki na makali ya mtaani. Maneno mawili yanayokaribiana kimaana yamegawana kazi: moja la kuandikia, jingine la kutukania. Mgawanyo huo unadhihirisha kwamba uzito wa neno hautokani na maana yake ya kikamusi pekee, bali pia na nani humwita nani, na mbele ya nani.

Kuhusu malaya, mfanano wake na jina la nchi ya Malaya umewavutia baadhi ya watu, lakini mfanano wa sauti peke yake si ushahidi wa asili. Historia yenye manufaa zaidi ni ile ya matumizi.

4.0 Sheria ya Kusingizia na Mwanamke Asiye na Bwana

Katika mwambao wa Waislamu wa madhehebu ya Shafi, kumwita mwanamke mzinifu hakukuwa jambo jepesi. Sura ya 24 ya Qurani, An-Nur, katika aya ya pili humtaja mwanamke mzinifu na mwanamume mzinifu pamoja, kwa adhabu moja. Aya ya nne huwageukia wasemaji: wanaowasingizia wanawake waliojihifadhi, kisha wasilete mashahidi wanne, huadhibiwa kwa mijeledi 80, na ushahidi wao haukubaliwi tena. Kosa hilo huitwa qadhf. Kwa maneno mengine, sheria ilitambua kwamba neno lenyewe ni silaha, ikamwekea anayelishika masharti magumu.

Ulinzi huo ulikuwa na mipaka. Jamii ya mwambao ilikuwa jamii ya watumwa na waungwana, na kwa mujibu wa fiqhi, sharti la adhabu ya qadhf lilikuwa kwamba anayesingiziwa awe huru. Mwanamke mtumwa hakuwa na kinga hiyo. Kati ya mtumwa na mke alikuwepo suria, kijakazi aliyekaa na bwana wake kama mwenzi. Mtoto wake alizaliwa huru, naye hakuweza kuuzwa tena na alipata uhuru bwana alipofariki. Salme binti Said, aliyeandika kumbukumbu zake kwa Kijerumani mwaka 1886, alikuwa mtoto wa suria wa Sultani wa Unguja. Hapakuwa na aibu katika nasaba hiyo. Suria alikuwa chini ya bwana, na kwa macho ya jamii hilo lilitosha kumpa nafasi.

Hali ya utumwa ilipoondolewa kisheria Unguja mwaka 1897, masuria waliachwa nje ya amri hiyo, wakahesabiwa kama wake. Miongoni mwa hoja za maafisa wa Kiingereza waliopendelea kwenda polepole ilikuwa hofu kwamba wanawake wakiachwa huru wangeingia katika ukahaba. Ni mwaka 1909 tu ndipo masuria walipoingizwa katika uhuru huo. Hoja hiyo inastahili kutazamwa kwa makini. Maafisa hao hawakuwa wakielezea jambo lililokwisha kutendeka. Walikuwa wakikadiria kwamba mwanamke akitoka mikononi mwa bwana, mahali pa pekee panapomngoja ni ukahaba. Katika msamiati wao hapakuwa na jina la kumpa mwanamke huru anayejitegemea.

Wanawake wenyewe walijitafutia jina. Utafiti wa Laura Fair kuhusu Unguja, uliochapishwa mwaka 2001, umeonesha jinsi wanawake waliotoka utumwani walivyovaa kanga, kisha buibui, wakidai kwa mavazi ile heshima ambayo awali ilihodhiwa na waungwana. Mavazi hayo yalijibu lawama kabla haijatamkwa.

5.0 Nairobi: Majina Matatu na Hatima Zake

Kutoka pwani, Kiswahili kiliingia katika miji mipya ya bara, na neno malaya lilisafiri nacho. Mfano uliochunguzwa kwa kina zaidi ni wa Nairobi. Janet Bujra aliandika mwaka 1975 kuhusu wanawake wenye nyumba katika mji huo, na Luise White alichapisha mwaka 1990 kitabu kilichotokana na mahojiano na wazee wa Pumwani na mitaa mingine. White alikuta kwamba wakazi wenyewe walitofautisha namna tatu za kazi kwa majina matatu ya Kiswahili.

Watembezi walitafuta wanaume barabarani. Malaya walikaa ndani ya vyumba vyao, wakangoja kubishiwa hodi, na walitoa pia chai, chakula, maji ya kuoga na mahali pa kulala. Wazi-wazi, waliojulikana kuanzia miaka ya 1930 na ambao wengi walitoka Bukoba, walikaa mlangoni na kutaja bei kwa sauti. Majina haya yanafumbulika kwa urahisi: tembea, wazi. Ni majina ya mahali na mwendo. Malaya peke yake halifumbuliki hivyo, na katika mgawanyo huo ndilo lililomhusu mwanamke mtulivu, mwenye kuficha na kusitiri, aliyejali heshima mbele ya majirani.

Tofauti kubwa zaidi ilikuwa katika mali. Mwishoni mwa karne ya 19 sotoka iliangamiza ng'ombe, ikafuatwa na ukame na ndui. Baadhi ya watembezi wa mwanzo walipeleka mapato yao kwa baba zao ili kufufua mifugo ya ukoo. Wazi-wazi nao, kwa sehemu kubwa, walituma fedha nyumbani. Malaya hawakufanya hivyo. Walijenga au kununua nyumba katika Pangani na baadaye Pumwani, wakapangisha vyumba, wengi wakasilimu, na wakateua warithi wao wenyewe miongoni mwa jamaa na wenzao wa mjini. Walianzisha nasaba mpya zilizoanza kwa mwanamke. Mshahara wa kikoloni ulipangwa kwa mwanamume asiye na familia, na kazi ya nyumbani ya wanawake hao ndiyo iliyomwezesha mfanyakazi kuamka asubuhi na kurudi kazini. Serikali ililijua hilo, na kwa muda mrefu iliwavumilia, hadi ilipoibomoa Pangani mwishoni mwa miaka ya 1930.

Sasa yatazamwe majina hayo matatu yalivyoishia. Watembezi limerudia maana yake ya kawaida. Wazi-wazi limesahauliwa na wengi. Malaya limebaki kuwa tusi kuu la Kiswahili kwa mwanamke. Haitakuwa sahihi kudai kwamba Nairobi peke yake ndiyo iliyolifanya hivyo, kwa kuwa neno lilikuwa na maisha yake pwani na kwingineko. Lakini sadfa hiyo ina maana. Lililodumu kama tusi ni lile lililomtaja mwanamke mwenye mlango wake, ambaye mali yake haikurudi kwa baba wala haikupita kwa mume.

6.0 Ndani na Nje

Mkusanyo wa maneno ya lawama unaelekea kujengwa juu ya sitiari moja, ile ya ndani na nje. Kutembea na mtu, kutoka nje ya ndoa, mwanamke wa barabarani, kiguu na njia: yote huhukumu mwendo. Kinyume chake ni kutulia: mwanamke aliyetulia ndiye anayesifiwa. Utenzi wa Mwana Kupona binti Mshamu, uliotungwa mwaka 1858, unatoa wasia wa mama kwa binti katika ulimwengu huo ambamo heshima ya mwanamke hupimwa kwa nyumba yake.

Upande wa wanaume, neno linalokaribia ni mhuni. Katika karne ya 19 mwambaoni lilimtaja mtu asiyefungwa na ndoa wala ukoo, mzururaji asiye na mdhamini. Utawala wa kikoloni Dar es Salaam ulilitumia kwa vijana wasio na kazi iliyotambulika, waliokamatwa na kurudishwa vijijini, kama alivyoonesha Andrew Burton mwaka 2005. Mhuni na malaya ni pacha wa kihistoria: wote wawili ni watu wa mjini wasio na mwenyewe. Tofauti ni kwamba uhuni wa mwanamume uliangaliwa kama hatari kwa utaratibu wa mji, ilhali uhuru wa mwanamke ulisomwa moja kwa moja mwilini mwake.

Siasa za uhuru zilifichua utata huo. Susan Geiger, katika utafiti wake wa mwaka 1997, alionesha kwamba wengi wa wanawake walioijenga TANU Dar es Salaam pamoja na Bibi Titi Mohamed walikuwa Waislamu wa makamo, wenye elimu ndogo ya shule, na wengi wao wameachika. Uhuru wao wa kutoka nyumbani na vikundi vyao vya ngoma vilikuwa mtaji wa chama. Hata hivyo, miaka michache baada ya uhuru, Oktoba 1968, Umoja wa Vijana wa TANU ulitangaza Operesheni Vijana dhidi ya sketi fupi, mawigi na mavazi mengine, ianze Januari 1969. Mwezi huohuo wa tangazo wanawake walishambuliwa Kariakoo kwa mavazi yao. Nguo ilifanywa ushahidi, na barabara ikawa mahakama. Jambo hilo halikwisha na zama hizo. Novemba 2014 wanawake waliandamana Nairobi baada ya mwenzao kuvuliwa nguo hadharani kwa hoja ileile.

7.0 Fasihi na Majina Mapya

Watunzi wa riwaya waliliona tatizo hili mapema kuliko wanaisimu. Katika Rosa Mistika (1971), ambayo kwa muda ilizuiwa shuleni, Euphrase Kezilahabi aliufuatilia mwenendo wa Rosa hadi chanzo chake katika ukali wa baba mlevi. Katika Vuta N'kuvute (1999), Shafi Adam Shafi alimchora Yasmin, msichana aliyeozwa kwa mzee na kukimbia ndoa hiyo, kisha akakataliwa na jamaa zake. Katika kazi zote mbili msomaji hulazimishwa kuuliza habari za waliotoa hukumu, si za mhukumiwa pekee.

Lugha ya mitaani nayo iliendelea kuzaa majina. Changudoa, lililoenea Tanzania katika miaka ya 1990, limetokana na samaki: changu mwenye doa. Dada poa limechukua neno la udugu na kulipinda. Wagonjwa wa kwanza wa UKIMWI nchini Tanzania walitambuliwa mkoani Kagera mwaka 1983, na janga hilo liliyapa maneno haya sumu mpya, kwa kuwa mwanamke aliyeitwa malaya sasa alidhaniwa pia kuwa chanzo cha maradhi. Wakati huohuo, kuanzia mwaka 1985, wanawake wa Majengo, Pumwani, waliokuwa wakifanya biashara ya ngono walishiriki katika utafiti wa watabibu wa Nairobi na Manitoba. Baadhi yao walibainika kutoambukizwa licha ya kukutana na virusi mara nyingi, na elimu ya kinga ya mwili ikanufaika. Maandishi ya afya yalihitaji jina lisilohukumu, ndipo yakaenea wafanyabiashara ya ngono na wafanyakazi wa ngono. Majina haya yanarejea kwenye tendo, na tendo laweza kuachwa. Kwa maana hiyo yanasahihisha kasoro ya kisarufi iliyotajwa mwanzoni.

Lipo pia tukio linaloonesha kwamba pengo la upande wa pili huweza kuzibwa. Mwishoni mwa muongo wa 2000, kampeni ya redio nchini Tanzania ilimpa mwanamume mzima anayewarubuni wasichana jina la Fataki. Jina hilo liliingia haraka katika mazungumzo ya kila siku. Mwanamume aliyekuwa hana jina alipata jina, na aliyelipata aliona aibu.

8.0 Hitimisho: Wajibu wa Kamusi na Sheria

Suala hili si la nadharia tu. Kanuni ya Adhabu ya Tanganyika ya mwaka 1930, iliyorithiwa na Tanzania, iliandikwa kwa Kiingereza. Ndani yake kifungu cha 89 huadhibu lugha ya matusi, na kifungu cha 176 kilimworodhesha kahaba miongoni mwa wazembe na wazururaji. Sheria moja ilikataza tusi kwa mkono mmoja na kulishika kwa mkono wa pili. Mwaka 2021 Tanzania ilikifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na mahakama. Tangu hapo, kila mfasiri wa sheria anapochagua kati ya kahaba, malaya, anayefanya biashara ya ngono au jina jingine, anaamua kama mahakama itamhukumu mtu kwa alichotenda au kwa anachodaiwa kuwa.

Mwanakamusi naye ana deni. Fasili inayosema tu kwamba malaya ni mwanamke afanyaye hivi au vile inaripoti nusu ya matumizi. Nusu ya pili ni kwamba neno hili humwangukia mjane aliyekataa kurithiwa, mtalaka aliyejenga nyumba yake, msichana aliyemkataa mwanamume njiani, na mwanasiasa aliyeshinda uchaguzi. Kamusi haitakiwi kulifuta neno, kwa maana kufuta ni kuficha. Inatakiwa kuonesha kwamba ni tusi, kwamba hutumiwa bila ushahidi, na kwamba lina wenzake wa kiume wasioumiza kiasi hicho.

Wanazuoni wa mwambao walidai mashahidi wanne kabla ya neno kama hili kutamkwa. Kiwango hicho cha ushahidi hakijapata kufikiwa na lugha ya mitaani, wala na baadhi ya kamusi.